Kardinali Manning na Ugomvi wa Bandarini

Ugomvi wa kazini haukomei kazini. Jioni humfuata mtu njiani, huingia naye nyumbani, na mara nyingi mke na watoto ndio wanaoulipia, ingawa hawakuwapo ulipoanza. Kwa sababu hiyo hatukubali kwamba shauri hili ni la matajiri na vyama vya wafanyakazi peke yao. Ni shauri la kila jamaa. Leo twapenda kuwasimulia wasomaji wetu maisha ya Kardinali Henry Edward Manning, Askofu Mkuu wa Westminster katika Uingereza. Mwaka 1889, akiwa mzee wa miaka 81, aliingia kati ya makuli wa bandari ya London na mabwana zao, akawapatanisha wakati wengi walipokuwa wamekwisha kata tamaa. Twataka kuonyesha alivyofanya, na hasa kwa nini yeye aliweza.

Manning alizaliwa tarehe 15 Julai 1808 huko Totteridge, karibu na London, katika nyumba ya kitajiri. Baba yake, William Manning, alifanya biashara na visiwa vya Karibi, akawa mjumbe wa Bunge, na kwa muda Gavana wa Benki ya Uingereza. Wala tusifiche jambo: utajiri wa visiwa vile ulitoka katika mashamba ya miwa yaliyolimwa na watumwa. Kijana Henry alisoma Harrow, kisha Chuo Kikuu cha Oxford, akafaulu kwa daraja la kwanza mwaka 1830. Moyo wake ulielekea siasa. Lakini mwaka 1831 biashara ya baba ilifilisika, na njia ile ikafungwa. Yule aliyezoea kuhudumiwa akaenda kufanya kazi ya karani katika Ofisi ya Makoloni. Basi alijua mambo ya nyumba za matajiri, na alijua pia jinsi nyumba inavyotikisika siku mapato yanapokoma.

Mwaka 1832 alipewa daraja katika Kanisa la Uingereza, na mwaka uliofuata akawa mchungaji wa Lavington, kijiji cha wakulima na wachunga kondoo katika jimbo la Sussex. Hapo alimwoa Caroline Sargent, lakini ndoa yao haikudumu miaka minne, kwani mkewe alifariki mwaka 1837. Manning hakuoa tena. Alibaki na watu wake wa shamba, akaona kwa macho jinsi mtu anavyoweza kufanya kazi tangu ujana hadi uzee asipate akiba hata kidogo. Tarehe 6 Aprili 1851, baada ya miaka mingi ya kusali na kutafakari, alipokewa katika Kanisa Katoliki, na mwezi Juni wa mwaka ule ule akapewa upadri.

Hapa yatupasa kusema jambo ambalo wengine wangependa kuliruka. Mtu huyu tunayemsifu kwa upatanishi alikuwa naye amekwisha ingia katika ugomvi mkali wa kazini, tena ndani ya Kanisa. Mwaka 1857 alianzisha huko Bayswater shirika la mapadri la Mtakatifu Karolo, na Kardinali Wiseman akampa madaraka makubwa. Askofu Mkuu George Errington, aliyekuwa msaidizi wa Wiseman mwenye haki ya kumrithi, hakupendezwa, na wakanoniki wengi wa jimbo walikuwa upande wake. Mashtaka yalipelekwa Roma mara kwa mara, na mwaka 1860 Baba Mtakatifu Pius wa 9 akamwondoa Errington katika kazi ile. Wiseman alipofariki mwaka 1865, wakanoniki walilipeleka mbele jina la Errington. Papa akamchagua Manning. Waliompinga jana leo wakawa chini yake. Pia kwa miaka mingi yeye na Padre John Henry Newman, aliyekuwa baadaye Kardinali, hawakupatana mioyo, ingawa wote wawili walilitumikia Kanisa moja kwa bidii. Newman alipofariki mwaka 1890, Manning ndiye aliyesimama kanisani London kumsifu.

Hatusemi haya ili kumshusha. Twasema kwa sababu mpatanishi asiyejua uchungu wa kugombana huwaona wagomvi kuwa watoto. Manning alijua kwamba watu wema, tena wenye akili, waweza kufarakana kazini kwa sababu ya cheo, sifa na woga wa kusahauliwa. Alijua pia kwamba kila upande huamini kwa moyo mweupe kuwa haki ni yake.

Alipokuwa Askofu Mkuu, watu walitazamia ajenge kanisa kuu la fahari. Yeye alinunua kiwanja, lakini ujenzi aliuacha kwanza, kwa kuwa aliona ni lazima watoto maskini wa Kikatoliki wapate shule kabla ya maaskofu kupata mawe na nguzo. Mwaka 1872 alisimama hadharani London kuwatetea vibarua wa mashamba waliotaka kuunda chama. Mwaka 1874 alitoa hotuba katika mji wa Leeds juu ya heshima na haki za kazi, akieleza kwamba nguvu za mtu wa kazi ni mali yake halisi, kama fedha zilivyo mali ya tajiri. Aliunda chama cha kupigana na ulevi, akawa anakwenda mwenyewe katika mitaa ya maskini kuwahutubia. Mwaka 1884 aliingia katika tume ya serikali iliyochunguza nyumba za wafanyakazi. Mwaka 1888, Kardinali Lavigerie, mwanzilishi wa Mapadri Weupe tunaowajua sana katika nchi zetu, alipofika London kuwaomba Waingereza wasaidie kukomesha biashara ya watumwa katika Afrika, Manning alikuwako mkutanoni kumwunga mkono. Mtoto wa nyumba iliyotajirika kwa sukari ya watumwa alikuwa amekwenda mbali.

Sasa na tuitazame bandari ya London ilivyokuwa siku zile. Ilikuwa bandari kubwa kuliko zote ulimwenguni, lakini makuli wake wengi walikuwa vibarua wa siku, na hata wa saa. Kila asubuhi walisongamana penye malango. Nyapara alitoka akawachagua aliowataka, na wengine walisukumana, wakakanyagana na kuraruana nguo ili waonekane. Aliyepata kazi alilipwa peni 5 kwa saa, naye aliweza kuachishwa baada ya saa moja tu, akarudi nyumbani na peni zake 5 kwa siku nzima ya kungoja. Tena kulikuwa na nyongeza iliyotolewa kwa genge lililopakua mzigo upesi. Lakini hesabu yake ilikuwa mikononi mwa wakubwa, na kuli hakujua imefanywaje wala kwa nini leo imepungua.

Tarehe 12 Agosti 1889, makuli waliokuwa wakipakua shehena ya meli iitwayo Lady Armstrong walibishana na wakubwa juu ya nyongeza hiyo. Jambo lenyewe lilikuwa dogo, lakini lilikuwa cheche iliyoangukia majani makavu. Siku mbili baadaye kazi ilisimama, chini ya uongozi wa Ben Tillett, kijana aliyekuwa karani wa chama kidogo cha makuli. Wakamsaidia Tom Mann na John Burns. Mafundi wa kupakia meli, waliokuwa na ujuzi na mishahara mizuri kuliko makuli, nao waliacha kazi kwa kuwahurumia wenzao. Kabla ya mwisho wa mwezi wagomaji walifika kama 100,000. Walidai peni 6 kwa saa, peni 8 kwa saa za ziada, na kwamba anayeitwa kazini asipewe chini ya saa 4.

Msomaji atatuuliza: je, watu laki moja waliweza kuacha kazi kwa ajili ya peni moja? Sisi twajibu kwamba peni ilikuwa alama tu. Kisa chenyewe kilikuwa kule kusukumana langoni kama ng'ombe. Kilikuwa hesabu isiyofunuliwa, na siku ya mtu kuhesabiwa kuwa si kitu. Vivyo hivyo katika kazi zetu, ugomvi huzungumza juu ya fedha kwa sababu fedha huhesabika, lakini mara nyingi chini ya fedha iko heshima iliyovunjwa. Mwajiri anayejibu habari ya fedha tu aweza kulipa sana na ugomvi ukabaki pale pale.

Hasara zilikuwa kubwa kwa wote. Meli zililala mtoni zikiwa na mizigo yake. Wenye meli waliwalaumu wakurugenzi wa bandari, na wenye maghala madogo wakaanza kutafuta mapatano yao wenyewe. Viwanda vilivyotegemea mizigo ya bandari vilikosa kazi. Lakini nyumbani kwa makuli hasara ilikuwa ya namna nyingine. Vyombo na nguo viliwekwa rehani, na mama walingoja vyeti vya chakula kutoka kwa kamati ya mgomo. Wiki ya pili ilipokwisha, akiba ilikuwa karibu kwisha. Msaada uliookoa mambo ulitoka mbali, kwa wafanyakazi na watu wema wa Australia, waliotuma kama pauni 30,000.

Manning hakungoja kuitwa. Katika makuli wale walikuwamo maelfu ya Wakatoliki wa asili ya Ireland, waumini wake mwenyewe. Mwishoni mwa Agosti, wakati wakubwa wengi wa mji walipokuwa wamekwenda mapumzikoni, alikwenda mwenyewe kuwaona wakurugenzi wa bandari. Walimsikiliza, lakini hawakuregea. Wao waliona kwamba wakikubali kidogo watadaiwa kila kitu, na kwamba njaa itaumaliza mgomo bila wao kufanya neno. Manning alitoka mikono mitupu, lakini hakuwatukana wala hakwenda magazetini kuwashtaki. Mlango aliouacha bila kuubamiza ulimfungukia tena baadaye.

Mwanzoni mwa Septemba iliundwa kamati ya upatanishi katika nyumba ya Meya wa London. Walikuwamo Meya mwenyewe, Askofu Temple wa Kanisa la Uingereza, Manning, mjumbe wa Bunge Sydney Buxton, na wengine. Wakurugenzi wakakubali hatimaye kulipa peni 6, lakini kuanzia tarehe 1 Januari 1890. Wapatanishi waliamini kwamba viongozi wa wagomaji wamelipokea shauri hilo. Lakini habari ilipofika kwa makuli, walilikataa, kwa kuwa hawakutaka kungoja mpaka mwaka mpya. Wapatanishi wakaona wamedanganywa, na viongozi wakaona wamesingiziwa. Askofu Temple akaondoka London. Magazeti yaliyokuwa yakiwahurumia makuli yakaanza kuwalaumu.

Saa ile ndiyo iliyompambanua Manning. Kukasirika kulikuwa rahisi, tena kulikuwa na sababu. Yeye alibaki, pamoja na Buxton. Aliona kosa lilipo: mapatano yalikuwa yamezungumzwa na wachache mezani, na wengi ambao wangeyaishi hawakusikilizwa. Basi akaamua kuwaendea wenyewe. Tarehe 10 Septemba alifika Poplar, mtaa wa makuli, akakutana na kamati ya mgomo katika shule ya Kikatoliki ya Kirby Street. Aliwapelekea shauri la katikati: peni 6 ianze tarehe 4 Novemba, yaani si mara moja, wala si mwaka mpya.

Mkutano ulichukua saa nyingi. Mwanzoni wengi walimpinga, na baadhi yao walimpinga kwa ukali. Mzee yule alisikiliza kila neno, ndipo akasema. Hakuwaambia kwamba madai yao ni mabaya, kwa kuwa hakuamini hivyo. Aliwakumbusha wake zao na watoto wao, waliokuwa wakiteseka kwa ajili ya wiki chache za tofauti. Aliwaonyesha kwamba jambo kubwa wamekwisha kulipata, na kwamba kulipoteza kwa sababu ya tarehe kungekuwa hasara isiyorudishika. Kura zilipopigwa, wengi walimpa ruhusa ya kwenda kwa wakurugenzi na shauri lile. Wakurugenzi nao walikubali, kwani sasa waliweza kuregea kwa ombi la Kardinali bila kuonekana wameshindwa na makuli wao.

Mapatano yalitiwa sahihi tarehe 14 Septemba, na Jumatatu tarehe 16 kazi ikaanza tena. Mbali na mshahara, yalikuwa na sharti moja ambalo twaliona bora kuliko yote. Makuli waliahidi kutowasumbua wale waliofanya kazi wakati wa mgomo, na wakurugenzi waliahidi kutowalipiza kisasi wagomaji. Sharti hilo lilikuwa gumu kutimizwa, na siku za kwanza penye malango zilikuwa na vurugu. Hata hivyo lilikuwa limeandikwa, na kila upande ulijua ahadi yake. Mapatano yanayopanga fedha tu na kuacha kisasi bila kutajwa huwa yamefunika moto kwa majani.

Wala tusiseme kwamba paradiso ilishuka bandarini. Katika mwaka uliofuata magomvi mengine yalizuka, na chama kipya cha makuli kilipoteza sehemu kubwa ya nguvu zake. Ile kazi ya kibarua, iliyokuwa mzizi wa shida zote, haikukomeshwa katika bandari za Uingereza mpaka mwaka 1967. Sisi wa Afrika ya Mashariki twaijua hadithi hii, kwani mwaka 1947 migomo mikubwa ilitokea Mombasa na Dar es Salaam, na makuli wa bandari walikuwa mstari wa mbele. Ugomvi waweza kutulizwa kwa siku moja, lakini mzizi wake hutaka miaka ya kuung'oa, na anayesherehekea mapatano akasahau mzizi atagombana tena.

Manning aliishi hata kuona barua ya Papa Leo wa 13 juu ya hali ya wafanyakazi, Rerum Novarum, iliyotolewa tarehe 15 Mei 1891. Alifariki tarehe 14 Januari 1892. Siku ya maziko yake watu wengi mno walijipanga njiani kwa maili kadhaa, na miongoni mwao walikuwamo makuli wa bandari. Wengi wao hawakuwa Wakatoliki.

Basi kwa nini yeye aliweza, na wengine walioheshimika vile vile hawakuweza? Twaona si kwa sababu ya ufasaha, maana wasemaji walikuwako wengi. Aliweza kwa sababu imani ya watu alikuwa amekwisha kuijenga miaka mingi kabla ya mgomo. Makuli walimjua mtu aliyeweka shule mbele ya kanisa kuu, aliyefika mitaani kwao wakati hapakuwa na magazeti ya kumtazama. Wakurugenzi walimjua mtu wa asili yao, asiyewachukia. Mpatanishi hapatikani sokoni siku moto umekwisha waka. Tena aliweza kwa sababu hakuondoka. Aliposhindwa mara ya kwanza alirudi, na mapatano yalipovunjika hakuona haya kuanza upya.

Katika kila kiwanda, shule, hospitali, ofisi na shamba lipo lango la namna yake, mahali ambapo mtu hujisikia kuwa si kitu. Msimamizi mwema hulitafuta lango hilo kabla ya ugomvi. Hueleza hesabu zake, huwasalimu watu wake, husikia lalamiko likiwa bado dogo. Mfanyakazi mwema naye hufanya kazi yake kwa uaminifu, husema neno lake mbele ya mhusika wala si nyuma yake, na hamhesabu mwenzake asiyekubaliana naye kuwa adui. Na wewe baba, au mama, ambaye kazini kwako wapo wawili wasiosalimiana, usiseme jambo hilo si lako. Labda wewe ndiwe unayeaminiwa na wote wawili. Kama ndivyo, nenda kwao leo. Na wakikukataa, usiubamize mlango.